Nilivyofundishwa Wimbo wa Fahali

Kwa miaka mingi, kwenye tamthilia za televisheni hapa Maskati, nilikuwa mtu yule yule. Naingia sebuleni, kofia imekaa upande, naagiza chai ya maziwa, nachanganya Kiarabu na Kiswahili, watu wanacheka, natoka. Waandishi walikuwa wakiniandika kwenye karatasi "mjomba wa Zinjibari," ingawa mimi Unguja nimeijua kwa mke wangu tu. Nimezaliwa Tabora. Baba yangu alikuwa na duka huko, tukaja Oman nikiwa na miaka kumi na miwili. Lakini kwa watu wa hapa kila aliyetoka upande ule ni wa Zinjibari, na nikachoka kusahihisha. Asubuhi nilikuwa mtumishi wa serikali, jioni mwigizaji. Nilipostaafu nikabakiwa na kazi moja, ya kuchekesha watu kwa matamshi yangu.

Sikulalamika. Watu walinisalimia sokoni, na watoto wa jirani walijua maneno yangu kwa moyo. Ila baada ya kila tamthilia nilikuwa nikikaa garini kidogo kabla ya kuliwasha, nikijiuliza kama kuna siku nitapewa mtu wa kweli nimuigize.

Aliyenipigia simu alikuwa mwanamke wa miaka thelathini na kitu, aliyesomea kutengeneza filamu nje na kurudi. Alikuwa anatayarisha filamu ya maisha ya vijiji vya Batina, ule ufukwe wa mashamba ya mitende kaskazini ya Maskati, kama yalivyokuwa kabla ya pampu za maji. Alitaka mtu wa kuwa mwagiliaji wa shamba.

"Nimekuona kwenye tamthilia, ustadhi," aliniambia. "Si ile ya chai. Ile uliyobeba gunia la mchele ukapanda nalo ngazi. Nilitazama unavyotembea."

Nikacheka, nikadhani ananitania. Hakuwa anatania. Akanieleza kazi yenyewe. Zamani maji ya shamba yalitoka kisimani kwa ng'ombe. Juu ya kisima husimamishwa magogo mawili, katikati yake huning'inizwa kapi kubwa la mti, na juu ya kapi hupita kamba yenye ndoo ya ngozi. Kwenye ncha ya pili ya kamba amefungwa fahali. Fahali anateremka njia iliyochimbwa kwa mshazari, ndoo inapanda na kumwaga maji kwenye mfereji. Fahali anarudi juu, ndoo inashuka tena. Na mtu anakwenda naye, chini na juu, tangu alfajiri mpaka jua linapokuwa kali.

"Sitaki mtu aigize kuteka maji," akasema. "Nataka ateke maji, mimi nipige picha. Wanaoijua kazi hii wanaondoka mmoja mmoja, na wakishaondoka hakuna atakayejua mguu unawekwa wapi."

Nilikubali kabla hajamaliza. Mke wangu alipopata habari aliniangalia kuanzia kichwani mpaka miguuni.

"Wewe bwana, ng'ombe umemjulia wapi? Miye mwenyewe, mtoto wa shamba, nnaogopa pembe."

"Nitafundishwa."

"Na nani?"

Hilo ndilo lililokuwa swali.

Yule mwanamke, mwongozaji wa filamu, alitafuta miezi kadhaa mpaka akampata mzee mmoja, amepita miaka themanini, aliyeendesha fahali kisimani tangu utotoni mpaka pampu zilipofika kijijini kwao. Na alikuwa akiishi Ghubra, hapa hapa Maskati, mwendo wa dakika kumi kutoka kwangu, nyumbani kwa binti yake nyuma ya maduka. Miguu ilikuwa haimshiki tena. Alikaa siku nzima kwenye kiti cha magurudumu karibu na dirisha, na bakora mapajani.

Tulimkuta ameshavaa kilemba, kahawa imekwisha kuwekwa. Mimi nikamwamkia kwa Kiarabu changu kizuri kuliko vyote. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akamgeukia mwongozaji.

"Hukupata mtu wa Batina?"

"Nimempata huyu, ami."

Akaniita karibu, akashika viganja vyangu, akavigeuza. "Mikono ya kalamu," akasema. Akamaliza kahawa yake. Nilidhani ndiyo kwaheri. Kisha akasema, "Njoo kesho asubuhi. Njoo na kamba."

Hivyo ndivyo nilivyoanza shule ukubwani. Kila asubuhi baada ya chai nilikwenda kwa mzee, nikavua viatu, nikaifunga kamba kwenye nguzo ya sebuleni. Fahali alikuwa binti yake. Mwanamke huyu alikuwa mwalimu mkuu mstaafu, mpole, mwenye heshima zake, na baba yake alimfunga kamba kiunoni akamwamuru ateremke kutoka mlangoni mpaka kwenye kabati la vyombo. Mimi nakwenda pembeni mwake, mkono mmoja kwenye kamba, na mzee anagonga sakafu kwa bakora.

"Usimvute. Umemvuta. Ng'ombe unakwenda naye, humvuti. Rudini."

Tulirudi. Binti alifunika uso kwa mtandio akicheka, lakini mzee hakucheka hata mara moja. Alinifundisha kujua uzito wa ndoo kwa kamba bila kugeuka kuangalia kisima. Alinifundisha kugeuka kwa bega, si kwa mguu, ili mtu asikanyagwe. Siku nilipokwenda chini na juu mara kumi bila bakora kugonga, alisema tu, "Kahawa," na mimi nikatoka pale kama mtu aliyepewa cheti.

Kapi lilichongwa na seremala mmoja wa Kihindi huko Wadi Kabir, kwa maneno ya mzee na mchoro wa mwongozaji, maana hakuna aliyeweza kupata kapi zima la zamani la kunakili. Lilipokwisha likapelekwa kwenye ghala walilokodi watu wa filamu katika mtaa uitwao Ghala, kwenye eneo la magereji. Humo ndani walisimamisha magogo, wakalitundika, ili lijaribiwe kabla ya kupelekwa shambani. Mzee akaletwa kwa gari aangalie.

Nikavuta kamba. Kapi likazunguka taratibu, kimya, laini kabisa. Seremala akatabasamu.

"Kapi hili bubu," mzee akasema.

Akataka mafuta yote yapanguswe, na mhimili wa katikati ubadilishwe uwe wa mti mkavu. Seremala alitutazama kama watu waliopungukiwa akili, lakini akafanya. Nilipovuta mara ya pili, kapi lililia. Lilianza kwa chini, likapanda, likajaa ghala lote mpaka mafundi wa gereji ya jirani wakaja mlangoni. Mzee alifumba macho.

"Kila kapi lilikuwa na sauti yake," akatuambia. "Mwenye shamba alikuwa amelala kwake, anasikiliza. Likinyamaza, anatuma mtu kuuliza kuna nini. Sisi tulitembea ili yeye asinzie."

Na hapo hapo, bila kuombwa, akaanza kuimba. Sauti yake ilikuwa ya kukwaruza, lakini ilikwenda sawa na mlio wa kapi, kama vile vitu hivyo viwili vilikuwa vimeachana siku moja tu. Nikavuta, nikarudi, nikavuta tena. Maneno niliyoyapokea mwanzo yalikuwa ya Kiarabu cha Batina, ya kumsifu Mungu na kumbembeleza mnyama. Kisha akaimba:

"Futa kamba, futa. Banda baba, banda."

Mwongozaji akauliza maana yake.

"Hayana maana. Ni maneno ya ng'ombe. Banda alikuwa fahali wa zamani sana, ndivyo tulivyoambiwa na baba zetu."

Nilisimama na kamba mkononi. Nikamwomba arudie. Akarudia, kisha akaongeza mstari wa tatu, kwa sauti ya chini, ule wa wakati fahali anapochoka: "Kwetu mbari, kurudi rini."

Nilijua nimesikia nini, lakini sikujiamini. Mtu anayekaa na Kiswahili kichwani anaweza kukisikia hata kwenye mashine ya kufulia. Nikarekodi kwa simu, nikarudi nyumbani. Mke wangu alikuwa jikoni anamenya mbatata. Sikumwambia kitu, nikaweka simu mezani ikaimba.

"Nani huyo," akauliza bila kuinua kichwa, "anayeimba Kiswahili kibovu namna hiyo?"

"Umesikia Kiswahili?"

"Nnasikia vuta kamba, vuta. Panda baba, panda. Kinywa ndicho kinachomshinda." Kisha mstari wa tatu ukafika. Akaweka kisu chini. "Kwetu mbali," akasema polepole. "Kurudi lini. Nani kamfundisha huyu?"

"Baba yake. Na baba yake alifundishwa na baba yake."

Tukakaa. Fahali anaposhuka, vuta kamba. Anaporudi juu, panda. Kila neno lilikuwa mahali pake, limekaa kwenye kazi ile ile kwa vizazi, na waliokuwa wakiliimba hawajui tena linasema nini.

"Basi hao watu wetu," mke wangu akasema.

Nikajiuliza. Watu wetu kwa upande upi? Waliopanda mitende ya Batina na kuimba kurudi lini hawakuja kwa hiari yao. Ukoo wangu mimi ulikwenda Tabora kwa biashara, na biashara ya siku zile haikuwa nguo na chumvi peke yake. Nilikulia kwenye nyumba ambayo jambo hilo halikuwa likitajwa. Mke wangu alinisoma usoni, akaichukua tena mbatata yake.

Asubuhi iliyofuata nilikwenda kwa mzee. Niliona si haki mimi nijue maana ya wimbo wake na yeye asijue. Binti yake alikuwa nje. Nikamweleza mzee kwamba ni Kiswahili, mstari wa kwanza na wa pili, neno kwa neno. Hakuwa ameuliza habari ya mstari wa tatu, nami nikashindwa kuusema.

Alikigeuza kiti chake kuelekea dirishani.

"Nani mwengine anajua?"

"Mke wangu tu, ami."

"Basi liishie hapo," akasema. Na akaongeza, "Leo nimechoka."

Kesho yake binti yake alinipigia simu kwamba mzee hataki masomo kwa sasa. Wiki ikapita, na ya pili. Mwongozaji aliniuliza kulikoni, nikamwambia mzee amechoka. Siku za kupiga picha zilikuwa zinakaribia, naye akapendekeza niimbe wimbo mwengine wowote wa kazi, wa Kiarabu, watu hawatajua tofauti. Nikakataa. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kumkatalia mwongozaji kitu, na nilijisikia vibaya, lakini sikuweza. Niliona heri nisiimbe kabisa.

Wiki ya tatu binti akapiga tena. "Baba anakuita."

Nilimkuta dirishani vile vile. Safari hii hapakuwa na kamba wala kahawa. Akaniambia nikae karibu.

"Nilipokuwa mtoto," akaanza, "mwenzangu mmoja alinitamkia neno kuhusu babu yangu. Alikotoka. Nilimpiga mpaka akatoka damu puani, na nyumbani wakanisifu. Siku hizi zote nimekaa hapa namfikiria yule mtoto. Nimempiga mtu aliyesema kweli."

Akaigeuza bakora mapajani mwake.

"Mstari wa mwisho. Hukuniambia."

Nikamwambia. Kwetu mbali, kurudi lini. Nilimpa kwa Kiarabu, nikarudia kwa Kiswahili. Midomo yake ikafuata, bila sauti. Machozi yalimtoka, hakuyapangusa, wala hakuona haya. Binti yake, aliyekuwa amesimama mlangoni, alikuja akakaa chini miguuni pa baba yake.

"Wazee walikuwa wakiuimba tukiwa tumechoka," mzee akasema. "Nilidhani ni kwa sababu una mwendo wa polepole."

Kisha akajisukuma akakaa wima. "Utauimba. Wote. Usikate kitu."

"Inshallah, ami."

"Uimbe sasa nisikie."

Nikaimba. Nilifika "vuta kamba" tu, bakora ikagonga sakafu.

"Nani kakwambia vuta?"

"Ndivyo neno lenyewe lilivyo, ami."

"Kwenu. Kwetu ni futa. Baba yangu alisema futa. Wewe kazi yako si kutusahihisha."

Nimefanya kazi na waongozaji wengi, na hakuna aliyenipa somo kubwa kuliko hilo. Nilikuwa nimefika na Kiswahili changu fasaha kama daktari na dawa. Wale watu walikitunza kile walichoweza kukitunza, kwa vinywa vya Kiarabu, bila kuelewa, kizazi baada ya kizazi, na kile ndicho kilichotakiwa kuwekwa kwenye filamu. Nikaimba futa. Nikaimba banda na mbari. Ilinichukua siku nne kuacha kutamka vizuri. Kwa ruhusa ya mzee nikamweleza mwongozaji kila kitu. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akaomba dakika chache peke yake, akaenda kusimama kando ya gari lake.

Tulipiga picha kwenye shamba moja la zamani, saa moja na zaidi kutoka mjini, kisima kikiwa kimesafishwa na njia ya fahali kuchimbwa upya. Fahali mwenyewe alikuwa mweusi, mnene, amezoea kula na kusimama. Siku ya kwanza alinidharau kabisa. Siku ya pili alinikanyaga kidole, na mkanda wote wa siku ile ukapotea bure. Viganja vyangu vilivimba vikapasuka, na jioni mke wangu alivipaka mafuta ya nazi akinung'unika kwamba ameolewa na karani, sasa amerudishiwa mkulima.

Siku ya tatu, alfajiri, nikaacha kufikiria kamera. Nilimshika fahali shingoni, nikaanza kuimba kabla hajaanza kutembea. Akasikiliza, akashuka. Kapi likalia. Kamba ikanijia mkononi nzito, nikajua bila kugeuka kwamba ndoo imejaa, kama nilivyofundishwa kwenye sebule ya Ghubra. Maji yakajaa mfereji mzima. Tukarudi juu. Tulikwenda hivyo mpaka jua likawa kali, na mwongozaji hakusema simama. Nilipofika mstari wa tatu sikuigiza uchovu, nilikuwa nimechoka kweli. Niliwafikiria waliouimba kabla yangu, na niliwafikiria wazee wangu wa Tabora, nikauimba kwa ajili ya wale wa kwanza, wa pili wakisikia.

Filamu ilipokwisha ilionyeshwa kwenye ukumbi mmoja hapa Maskati. Mzee alikuwa amekubali maana ya wimbo iandikwe chini ya picha, kwa sharti kwamba jina lake lisitajwe popote. Tulimweka mbele, kwenye kiti chake, binti yake upande mmoja, mimi na mke wangu upande wa pili. Wimbo ulipoanza, kukatokea minong'ono ukumbini. Wengi waliusoma ule mstari na kugeukiana. Mama mmoja nyuma yetu akauimba pamoja na filamu, chini kwa chini. Baadaye alituambia kwamba bibi yake alikuwa akiuimba akisaga ngano, na hawakujua unatoka wapi.

Taa zilipowashwa watu walisimama. Nimepigiwa makofi mara nyingi maishani mwangu, lakini yale yalikuwa makofi ya mtu aliyechekesha. Haya yalikuwa na uzito mwengine, nami niliyapokea nimesimama wima, sioni aibu kusema nilijivuna. Mwanamume mmoja safu ya tatu akauliza kwa sauti: nani bado anayajua mambo haya mpaka akaweza kumfundisha mwigizaji?

Mwongozaji alinitazama. Tulikuwa tumeahidi. Nikafungua mdomo niseme ni mzee mmoja wa Batina, na hapo bakora ikainuka mbele yetu.

"Mimi," mzee akasema. Akataja jina lake, jina la baba yake, na jina la babu yake. "Na babu yangu aliletwa," akaongeza. "Huyu ni mwanafunzi wangu."

Watu wakaanza kushuka kuja kumpa mkono. Alikaa pale karibu saa nzima akipokea mikono, na binti yake alilia waziwazi.

Nilimsukuma kwenye kiti chake mpaka garini. Njiani alinieleza makosa yangu yote: njia ya fahali ilikuwa fupi, kofia yangu safi mno, na nilipogeuka mara ya sita nilitumia mguu. Kisha akamgeukia mke wangu.

"Na wewe, mama, watu wako wanasema futa au vuta?"

"Miye nnasema vuta, ami," mke wangu akajibu. "Lakini hino yenu nimeielewa vizuri zaidi."

Akaridhika na jibu hilo. Tukamfunga mkanda, binti akawasha gari, nasi tukabaki pale kwenye maegesho, mimi nikiwa bado nimeshika bakora aliyoisahau mzee, mpaka akashusha kioo na kuidai.